Kesi ya Kiwanja Ikifika Korti ya Jinai: Somo Juu ya Rufani

Somo la mara hii ni la wale walioshtakiwa kwa kuingia katika ardhi ya mtu bila idhini, au kwa vitisho vinavyofuatana na ugomvi wa ardhi, wakahukumiwa, na sasa hawajui waende wapi. Ni la jamaa zao pia, maana mara nyingi aliyehukumiwa yuko Shimo la Tewa na anayehangaika na karatasi ni mke, dada au mjomba.

Sisi tunaofanya kazi ya huduma za jamii upande wa bara ya Mombasa tunawapokea watu hawa wakiwa wamechelewa. Wanakuja na bahasha iliyochakaa, na swali lao la kwanza huwa ni lile lile: "Sasa tumeshanyang'anywa shamba?" Jibu ni hapana. Korti ya jinai haigawi mashamba. Kazi yake ni kuuliza kama mtu fulani, siku fulani, alitenda kosa. Lakini hukumu ya jinai ikiachwa ikae bila kukatiwa rufani, inaweza kumtoa mtu nyumbani kwake hata kama hakuna hakimu aliyesema shamba ni la nani. Aliyefungwa miezi miwili akirudi huenda akakuta mabati yameng'olewa na ukuta umesimama. Kwa hivyo somo hili lisomwe polepole katika jumuiya, na asiyejua kusoma asomewe.

UGOMVI WETU UMETOKA WAPI

Lazima turudi nyuma kidogo. Ukanda wa pwani wa maili 10 ulikuwa wa Sultani wa Zanzibar, na kuanzia mwaka 1895 Waingereza wakautawala kwa mapatano naye. Mwaka 1908 ikaja sheria ya hati za ardhi, na kila aliyejiona ana ardhi alitakiwa apeleke madai yake yaandikwe. Waliojua kusoma, na waliokuwa na watu wao mjini, wakaandikisha. Wengi wa Mijikenda, ambao ardhi yao ilikuwa ya ukoo na mpaka wake ni mbuyu au mkorosho, hawakuandikisha kitu. Ardhi isiyodaiwa ikawa ya utawala wa kikoloni, na baada ya uhuru ikawa ya Serikali. Ndiyo maana utamkuta mzee Kisauni kazaliwa mahali, kazika wazazi wake papo hapo, na mahali penyewe pana hati ya mtu ambaye hajakanyaga hata mara moja.

Halafu tuna desturi yetu ya nyumba bila ardhi. Mwenye shamba anakuonyesha mahali, unajenga nyumba yako ya udongo au ya mawe, na kila mwezi unalipa kodi ya ardhi. Nyumba ni yako, ardhi si yako. Mnazi nao unaweza kuwa wa mtu wa tatu. Mambo haya yalikwenda vizuri wazee walipokuwa hai na neno lao lilikuwa neno. Sasa mwenye shamba amekufa, watoto wameuza kwa mtu wa mbali, na mnunuzi anaona maskota tu.

Kule Likoni hakuna asiyelijua shamba la Waitiki, ekari 930. Mwenyewe alilinunua katika miaka ya sabini, na baada ya ghasia za Agosti 1997 watu wakaingia, wakajenga. Miaka ikapita kwa kesi na amri za korti zisizotekelezeka, mpaka Serikali ikaamua kulinunua shamba lile, na Januari 2016 Rais Uhuru Kenyatta akatoa hatimiliki kwa wakaaji. Hata hapo maneno hayakwisha, kwa kuwa wakaaji walitakiwa walipie viwanja. Tunalitaja kwa sababu moja tu: miaka yote ile, kukamata watu hakukumaliza ugomvi. Uliposogea ni pale walipokuja wapimaji na pesa za kununulia.

Upande wa Changamwe na Miritini bei ya viwanja nayo imekuwa nyingine tangu reli mpya ianze safari mwaka 2017 na barabara ya Dongo Kundu ikafunguliwa. Mahali palipokuwa pa mihogo sasa pana foleni ya wanunuzi. Bei ikipanda, na hati za mashtaka zinaongezeka.

MASHTAKA YENYEWE

Karatasi ya mashtaka inaandikwa kwa Kiingereza. Mwombe karani au wakili akusomee jina la sheria na namba ya kifungu, kwa sababu kila kifungu kina mambo yake ya kuthibitishwa na adhabu yake.

La kwanza ni kuingia au kubaki katika ardhi ya mtu binafsi bila sababu ya kutosha na bila idhini ya anayeikalia kihalali. Hili liko katika Sura ya 294, kifungu cha 3. Si kuingia tu. Kulima, kujenga na kuchunga mifugo pia mna. Adhabu yake katika kifungu cha 11 ni ndogo: faini isiyozidi shilingi 500, au kifungo kisichozidi miezi miwili, au vyote viwili. Shikeni hizo namba. Mtu akija akatuambia ametozwa faini ya shilingi 20,000 kwa kosa hili peke yake, tunajua papo hapo kwamba kuna jambo la kumwambia jaji. Lakini sheria hii ina mtego wake: kama mlalamishi ameonyesha kwamba uliingia, ni juu yako wewe kuonyesha kwamba ulikuwa na sababu au idhini. Kunyamaza kizimbani hakutakusaidia.

La pili ni zito zaidi, nalo ni kushikilia ardhi kwa nguvu, kifungu cha 91 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 63. Hapa upande wa mashtaka una kazi kubwa. Lazima uonyeshe kwamba wewe ndiwe uliyekuwa ukiishika ardhi hiyo. Kwamba huna dai lolote la haki juu yake. Kwamba uliishika kwa namna inayoweza kuvunja amani. Na kwamba anayelalamika ndiye mwenye haki ya kisheria ya kuikalia. Moja likikosekana, kosa hakuna. Watu wengi wamehukumiwa kwa kifungu hiki hali hatimiliki haikuletwa kortini, au imeletwa lakini namba ya kiwanja haipatani na mahali penyewe, wala hakuna msoroveya aliyekuja kusema mawe ya mpaka yako wapi. Huo ni udongo mzuri wa rufani.

Kisha yako yale yanayobebana na hayo mawili: kuharibu mali kwa makusudi, kwa mfano kung'oa ua wa seng'enge au kukata miche, ambalo adhabu yake yafika miaka mitano, kufanya fujo zinazoweza kuvuruga amani, miezi sita, na kutishia kuua, ambalo tutalirudia.

Juu ya haya yote kuna kifungu cha 8 cha sheria hiyo hiyo ya Sura ya 63, na laiti kingeandikwa ukutani katika kila ofisi ya chifu. Kinasema kwamba mtu hana hatia ya jinai katika kosa linalohusu mali ikiwa alichokifanya alikifanya kwa kudai haki yake kwa moyo mweupe, bila nia ya kudanganya. Maana yake si kwamba dai lako ni la kweli. Huenda baadaye ikaonekana umekosea, na shamba si lako hata hatua moja. Lakini kama uliamini kwa dhati kwamba ni lako, na una msingi wa kuamini hivyo, kama vile makaburi ya wazee wako, minazi uliyopanda, risiti, barua ya ukoo au miaka 30 ya kukaa, basi wewe ni mdai na si mhalifu. Mdai hupelekwa korti ya madai.

Wengine wamesikia nusu ya habari hii, wakadhani ukifungua kesi ya ardhi basi ile ya jinai inakufa. Sivyo. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kifungu cha 193A, inasema wazi kwamba kesi mbili zinaweza kwenda pamoja juu ya jambo moja. Jaji anaweza kuisimamisha ya jinai akiona imeletwa kwa kuonea tu, lakini ni lazima aombwe na aonyeshwe. Msikae nyumbani mkingoja.

NENO "NI KWELI"

Hapa ndipo watu wetu wanapoanguka zaidi, na tungependa mlisome jambo hili mara mbili.

Mara nyingi mtu hushikwa Ijumaa jioni. Katiba ya 2010 inasema afikishwe kortini katika muda wa saa 24, lakini muda huo ukiishia siku ambayo korti imefungwa, basi ni siku inayofuata ya kazi. Kwa hivyo Ijumaa yafika Jumatatu. Siku tatu za seli, hajaoga, hajui watoto wamekula nini. Jumatatu anasomewa: "Unashtakiwa kwamba ulikutwa katika kiwanja namba fulani." Mzee anajibu kwa adabu, kama alivyofundishwa kujibu wakubwa: "Ni kweli." Alilokusudia ni kwamba ni kweli anakaa pale. Karani anaandika: amekubali kosa.

Ukikubali kosa, kifungu cha 348 cha Sura ya 75 kinakufungia mlango. Huwezi kukata rufani juu ya kuhukumiwa kwenyewe. Unaweza tu kulalamikia ukubwa au uhalali wa adhabu. Lakini mlango huo una ufa, na majaji huupitia. Katika kesi ya Adan dhidi ya Jamhuri ya mwaka 1973, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilipanga utaratibu unaofuatwa hadi leo. Mashtaka yaelezwe kwa lugha mshtakiwa anayoifahamu. Jibu lake liandikwe kwa maneno yake mwenyewe kadiri iwezekanavyo. Kisha kiongozi wa mashtaka aeleze habari ilivyotokea, na mshtakiwa aulizwe kama anakubali habari hiyo au ana la kuongeza. Akisema lolote linaloonyesha kwamba hakubali, kwa mfano "ndipo nilipozaliwa" au "tulipewa na marehemu", korti iandike kwamba amekataa, na mashahidi waitwe.

Basi ukipata nakala ya mwenendo wa kesi, kitu cha kwanza tazama ukurasa huo. Je, lugha imetajwa? Kama mama anajua Kigiriama au Kidigo tu, palikuwa na mkalimani? Maneno yake yameandikwa, au imeandikwa "kweli" peke yake? Habari ilielezwa, au hakimu alirukia adhabu? Kukosewa kwa hayo kumewatoa watu wengi gerezani.

Na kwa yule ambaye hajasomewa mashtaka bado: kama ni nyumba yako na unaamini una haki pale, jibu ni "si kweli", au "nakataa". Si utovu wa adabu. Ni kuomba kesi isikizwe.

SIKU 14

Rufani kutoka kwa hakimu, awe wa Mombasa mjini au wa Shanzu, huenda Mahakama Kuu. Muda wake ni siku 14 tangu siku ya adhabu. Siku 14, si wiki mbili za kazi, wala si tangu ulipopata nakala. Jumamosi na Jumapili zinahesabiwa.

Siku ile ile ya hukumu, au kesho yake, andikeni barua kwa korti mkiomba nakala ya hukumu na ya mwenendo wa kesi, na mbaki na kopi iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Barua hii fupi ina nguvu kuliko watu wanavyodhani. Kifungu cha 349 kinasema rufani iliyochelewa itapokelewa ikiwa ilichelewa kwa sababu mkata rufani aliomba nakala na hakupewa kwa wakati. Usipokuwa na ushahidi kwamba uliomba, itakubidi utafute sababu nyingine ya kumridhisha jaji. Aliye gerezani anaweza kupitisha hati yake ya rufani kwa mkuu wa gereza. Kule Shimo la Tewa si jambo geni, na asiogope kuuliza.

Hati yenyewe si lazima iwe na Kiingereza cha kupendeza. Iseme ni hukumu gani, ya tarehe gani, ya korti gani, na hakimu alikosea wapi. "Hakimu hakutazama risiti zangu" ni sababu. "Mlalamishi hakuleta hatimiliki" ni sababu. "Hakimu alinichukia" si sababu, hata kama roho yako yakuambia hivyo.

Jambo la dhamana lisisahauliwe. Kifungo cha miezi miwili chaweza kwisha kabla jaji hajaifungua faili. Ndiyo maana kifungu cha 357 kinaruhusu kuomba dhamana wakati rufani inangoja. Korti haiitoi hivi hivi, kwa sababu sasa wewe ni mtu aliyehukumiwa. Inatazama kama rufani ina uzito, na kama sehemu kubwa ya kifungo itakuwa imeliwa kabla ya kusikizwa. Kwa kesi hizi ndogo ndogo za ardhi, hiyo sababu ya pili ndiyo yetu. Na aliyelipa faini akaenda nyumbani naye bado ana haki ya kukata rufani. Akishinda atarudishiwa faini yake, na jina lake litasafishwa.

Tuseme ukweli wote: jaji ana uwezo wa kupunguza adhabu, na pia ana uwezo wa kuiongeza. Kwa hiyo rufani isikatwe kwa hasira tu. Muoneni mtu anayejua sheria kwanza. Kituo Cha Sheria wana ofisi Mombasa, na Haki Yetu ni shirika la jimbo letu wenyewe. Iko pia huduma ya Serikali ya msaada wa kisheria iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2016.

JAJI ANAANGALIA NINI

Watu hufikiri rufani ni kesi kuanza upya, na mashahidi wapya. La. Mashahidi hawaitwi tena, ila kwa nadra sana. Jaji anasoma yaliyoandikwa. Lakini rufani ya kwanza ni pana. Tangu kesi ya Okeno dhidi ya Jamhuri ya mwaka 1972, jaji wa rufani ya kwanza ana wajibu wa kuupima ushahidi wote mwenyewe, kana kwamba unasomwa mara ya kwanza, akikumbuka tu kwamba yeye hakuwaona mashahidi kwa macho. Asipoufanya upimaji huo, yeye mwenyewe amekosea. Ukishindwa hapo na kwenda Mahakama ya Rufani, njia ni nyembamba: ni hoja za sheria tu, na ukubwa wa adhabu hauhesabiwi kuwa hoja ya sheria.

Kwa sababu hiyo kesi ya rufani inajengwa kwa hakimu, siku mashahidi wanapozungumza. Lile usilouliza pale, jaji hataliona. Muulize mlalamishi: ulikuja lini mara ya kwanza? Ulimkuta nani? Nyumba yangu ilikuwapo? Uliponunua, ulipaona mahali? Majibu yake yakiandikwa, hata kama hakimu ameyapuuza, jaji atayakuta.

VITISHO NI KITU KINGINE

Hapa lazima tuwe wakali kidogo kwa watu wetu wenyewe. Kile kifungu cha 8 kinalinda dai la mali. Hakilindi panga. Unaweza kuwa na haki ya shamba lote, na bado ukafungwa kwa kutishia kuua, kifungu cha 223, ambacho adhabu yake yafika miaka 10. Mwenye hati aliyekuja na vijana na tingatinga naye hana ruhusa ya kubomoa kwa sababu ana hati. Tangu marekebisho ya sheria za ardhi ya mwaka 2016, mwenye ardhi binafsi anatakiwa atoe notisi ya maandishi isiyopungua miezi mitatu kabla ya kuwahamisha watu, na aliyepewa notisi anaweza kwenda kortini. Akibomoa bila hayo, mpigieni ripoti na mchukue namba ya OB. Msimkimbize na mashoka.

Katika rufani za vitisho jambo kubwa ni maneno yenyewe. Yalisemwa nini hasa, kwa lugha gani, mbele ya nani? Mtu akisema "tutaonana" si sawa na kusema "nitakukata kichwa". Huko Mtongwe ugomvi utafanyika kwa Kidigo, polisi ataandika kwa Kiswahili, na karatasi ya mashtaka itatoka kwa Kiingereza; katika safari hiyo neno "mtanikoma" laweza kufika kortini limekuwa "nitawaua". Ikiwa shahidi wa kwanza alisikia hili na wa pili alisikia lile, na hati ya mashtaka inataja la tatu, jaji ataliona. Pia ataangalia kama ni tisho la kuua kweli au ni maneno ya hasira ya watu waliokuwa wakitukaniana pande zote mbili.

Kuna maneno ya namna nyingine ambayo huku kwetu tunayajua. Mzee anamwambia mnunuzi: "Mwaka huu hutaumaliza." Kwa mgeni ni maneno matupu. Kwa anayeishi hapa ni jambo la kutetemesha. Na linaweza kumrudia mzee mwenyewe, maana hapa pwani, na hasa upande wa Kilifi, wazee wameuawa wakiitwa wachawi, na nyuma ya neno hilo mara nyingi ukichimba utakuta shamba. Tunawaomba wazee wetu waache kabisa lugha hii, na tunawaomba vijana waache kuisikia mahali isipokuwapo.

RISITI YA KODI INA MAKALI MAWILI

Jambo hili linawachanganya hata watu wenye elimu. Tuchukue mfano wa familia ya Chaani iliyojenga nyumba bila ardhi, ikalipa kodi ya ardhi miaka 25, na risiti ziko katika sanduku. Wakishtakiwa kwa kuingia bila idhini, risiti hizo ni ngao: mwenye shamba alipokea pesa, kwa hivyo idhini ilikuwapo. Mnunuzi mpya anayejifanya amewakuta kama wezi atapata shida kueleza.

Lakini familia hiyo hiyo ikienda korti ya madai kudai shamba kwa sababu ya kulikalia miaka mingi, risiti zile zile zitawaangusha. Sheria ya Sura ya 22 inampa haki aliyekaa katika ardhi ya mtu mwenye hati kwa miaka 12 au zaidi, wazi wazi, bila kukatizwa na bila ruhusa. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufani ikikaa Malindi ilithibitisha kwamba sheria hiyo haipingani na Katiba. Neno ni "bila ruhusa". Mpangaji ana ruhusa. Na katika ardhi ya Serikali dai hili halifai kabisa, hata ungekaa miaka 100.

Kwa hiyo kabla hujafungua kinywa kwa hakimu wa jinai, jua unasimamia wapi. Usiseme kwa hakimu "tulipewa ruhusa na marehemu" na kesho yake uape katika korti ya ardhi kwamba hukupewa ruhusa na mtu. Mawakili wa upande wa pili wanasoma, na mwenendo wa kesi ya jinai watauomba.

UKISHINDA RUFANI

Jaji akifuta hukumu, watu hupiga vigelegele mpaka kivukoni. Ni haki yao. Ila kuachiliwa hakukuandikii shamba. Mwenye hati bado anaweza kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo ndiyo yenye kazi ya kusema ardhi ni ya nani, na huko anaweza kushinda. Ukibaki pale umekaa tu, mwaka ujao waweza kushtakiwa kwa tarehe nyingine. Baada ya kushinda, ndio wakati wa kukimbilia sachi ya hati, kumtafuta msoroveya na kuandika majina ya wazee wanaojua mpaka wangali hai.

Mapatano pia yapo. Kifungu cha 176 cha Sura ya 75 kinamruhusu hakimu kuhimiza watu kupatana katika makosa ya kibinafsi yasiyo mazito, na Katiba inataka korti zitie moyo njia hiyo. Tumeona mnunuzi akikubali kuuza tena kipande kwa wakaaji kwa malipo ya polepole, na kesi ikaondolewa. Lakini mapatano yaandikwe mbele ya korti au wakili. Kuweka sahihi kituoni karatasi inayosema "nitahama katika siku 30" ili upate kulala nyumbani usiku huo si mapatano, na karatasi hiyo itatolewa tena.

Maswali ya kikundi

1. Katika mtaa wetu, ni nani wanaolipa kodi ya ardhi bila kupewa risiti? Tunaweza kuwasaidiaje waanze kupewa?

2. Mmoja wenu awe hakimu, mwingine mshtakiwa aliyezaliwa katika kiwanja kinachogombaniwa. Msomeeni mashtaka. Anajibu nini?

3. Mtu wa jumuiya yetu akihukumiwa leo, nani atakayeandika barua ya kuomba nakala kesho asubuhi, na nani atakayeipeleka?